Baba kaacha hisa, kampuni yanunuliwa, na kaka ataka nimtilie sahihi marehemu

Assalam alaykum Ami,

Mimi ni msomaji wako wa huku Lamu, Langoni, nakuandikia kwa sababu nyumbani kwetu sa hivi hakulaliki na chanzo chenyewe ni bahasha. Baba yetu, Mwenyezi Mungu amrehemu, alifanya kazi Mombasa miaka mingi kabla ya kurudi Amu, na enzi hizo alinunua hisa za kampuni moja ambayo iko kwenye Soko la Hisa la Nairobi. Sisi hatukuwa tukijua sana mambo hayo, tulijua tu kila mwaka chaja kikaratasi kwa posta, yeye aenda benki, akirudi yuwaja na halua. Baadaye vile vikaratasi vikaacha kuja na hakuna aliyeuliza. Baba alifariki mwaka juzi na kasha lake mama hakutaka liguswe.

Sasa mwezi uliopita ikaja bahasha nene kwenye sanduku la posta la baba, jina lake, ndani mna kijitabu cha kizungu na fomu. Nilivofahamu mimi ni kwamba kuna kampuni nyingine kubwa yataka kununua hisa zote za hiyo kampuni ya baba, kila hisa shilingi 31, na kuna siku ya mwisho ambayo kutoka leo haifiki hata wiki tatu. Ndipo tukafungua kasha. Chini ya kanzu zake za Idi tukakuta cheti kimetiwa kwenye mfuko wa nailoni, hisa 2,400, pini imeshika kutu imekula pembe ya karatasi lakini maandishi yasomeka. Jina limeandikwa Mohd. Kitambulisho cha baba kimeandikwa Mohamed.

Tumeachwa mama na sisi watoto wanne, wanaume wawili wanawake wawili. Kaka mkubwa asema tuuze leo leo, na mnunuzi kesha mpata, kuna mtu huko Malindi azunguka majumba ya wazee ananunua vyeti vya hisa pesa taslimu, hii kampuni yetu yuwatoa 22 kila hisa. Kaka asema hizo 31 za kijitabu mtazisubiri mpaka mzeeke, karatasi juu ya karatasi, bora 22 iliyo mkononi. Huyo mtu yuwataka cheti chenyewe asili pamoja na fomu ya kuhamisha hisa iliyotiwa sahihi, sehemu ya jina la mnunuzi iachwe wazi. Na kwa vile baba hayupo, kaka ataka mimi ndo nitie hiyo sahihi, maana mwandiko wangu na wa baba ni mmoja, yeye ndiye alonifundisha kuandika na barua zake za mwisho mwisho nilikuwa namwandikia mimi. Ati tarehe tutairudisha nyuma. Nilipokataa akasema nawazuilia wenzangu haki yao, na maneno mengine ambayo siwezi kuyarudia hapa.

Ndugu yangu mdogo yeye asema tusiuze kabisa, kama kampuni kubwa yaitaka basi kuna kitu ndani, tungoje bei ipande. Mama asema kile cheti ni kumbukumbu ya mumewe kirudishwe kashani. Mimi niko katikati nasukumwa huku na huku.

Ami niambie, twalazimishwa kuuza? Tukinyamaza ile siku ikapita, hisa zapotea? Hiyo 31 aloipanga ni nani na yaweza kupanda? Na huyu mtu wa Malindi nimwambieje kaka?

Binti wa Langoni

*

Waalaykum salaam mwanangu, poleni na msiba, na pole na hiyo vuta nikuvute.

Nianze na hilo la sahihi kwa sababu lina haraka kuliko yote. Usitie. Hata kaka akilia, hata akikuapia kwamba hakuna atakayejua. Kumtilia sahihi mtu aliyekufa ni kughushi, ni jinai, na mkono utakaokuwa umeshika kalamu ni wako wewe, si wa kaka wala si wa huyo bwana wa Malindi. Yeye siku mambo yakiharibika atasema alinunua kwa nia safi, aliletewa fomu ina sahihi, na anayejulikana mtaa mzima kuwa mwandiko wake ni kama wa marehemu ni wewe. Isitoshe baba alipofariki zile hisa zilikuwa zishaingia kwenye mirathi, mama ana haki yake humo na kila mtoto ana haki yake, kwa hiyo huyo anayewafundisha kurudisha tarehe nyuma anawafundisha kula haki za wenzenu.

Na fomu ambayo nafasi ya mnunuzi imeachwa wazi usimpe mtu yeyote duniani. Hisa za kampuni iliyoorodheshwa sokoni haziuzwi barazani kama samaki, zapitia kwa dalali wa hisa mwenye leseni ya Mamlaka ya Masoko ya Mitaji, hao CMA, na orodha ya wenye leseni iko wazi kwenye tovuti yao yeyote aweza kuiangalia kwa simu. Mwulizeni huyo bwana leseni yake namba ngapi muone kama atarudi.

Halafu tupige hesabu, maana naona kaka yako apenda hesabu. Hisa 2,400 kwa 31 ni shilingi 74,400. Kwa 22 ni 52,800. Tofauti ni 21,600. Sasa gawanyeni hizo 74,400 kwa sheria yetu, mama achukue thumni yake, yaani moja ya nane, 9,300, zinabaki 65,100, mtoto wa kike apata 10,850 na wa kiume 21,700. Umeona? Anachokata huyo mtu wa Malindi ni karibu sawa na fungu zima la kaka yako. Mwonyeshe hesabu hiyo kwa karatasi, mbele ya mama, bila kelele.

Haya sasa tuje kwenye ofa yenyewe, na hapa nataka unisome polepole maana watu wengi hutishwa na kijitabu kile na kumbe sheria nyingi zilizomo zimewekwa kwa ajili ya mtu kama mama yako. Kenya tuna kanuni za ununuzi wa kampuni zilizotoka mwaka 2002 chini ya Sheria ya Masoko ya Mitaji. Msingi wake ni huu, mtu akifikisha asilimia 25 ya kura kwenye kampuni iliyoko sokoni huhesabiwa kwamba kaishika kampuni, basi haruhusiwi kununua kimya kimya kutoka kwa matajiri wawili watatu kwa bei nzuri halafu nyinyi wadogo mkaachwa, lazima atangaze ofa kwa wenye hisa wote, isipokuwa CMA wenyewe wamsamehe. Ndio maana utaona mnunuzi mwingine husimama hapo hapo mlangoni. Wafaransa wa Rubis walipoitaka kampuni ya mafuta ya KenolKobil mwaka 2018 walianza na asilimia 24.99, chini ya mstari kwa unywele mmoja, kisha ndo wakatangaza ofa ya wote ya shilingi 23 kwa hisa. Ile ofa CMA waliichunguza pia kwa sababu kuna watu walinunua hisa kwa wingi kabla tangazo halijatoka, na kununua ukitumia habari ya ndani ambayo wenzako hawana ni kosa la jinai hapa kwetu. Sisemi huyo bwana wenu yuko kwenye kundi hilo, simjui, ila mtu anayezunguka nyumba za wazee kununua kwa 22 kitu ambacho yuajua kina mnunuzi wa 31, nyinyi wenyewe mwaona anachotafuta.

Mnunuzi akishaamua, bodi yake ikipitisha, ana saa 24 kutangaza hadharani na kupeleka notisi kwa kampuni husika, kwa soko la hisa na kwa CMA. Kile kijitabu mlicholetewa hakiwezi kutumwa mpaka CMA wakiidhinishe. Kisha bodi ya kampuni ya baba, yaani hii inayonunuliwa, inatakiwa iajiri mshauri wa nje asiye na upande, aseme kama bei ni ya haki au la, na maoni yake yatumwe kwa wenye hisa ndani ya siku 14 tangu bodi ipokee kijitabu. Hili ndilo nataka ulitafute. Wewe umetaja bahasha moja, inatakiwa kuwe na ya pili, aidha imeshafika imelala posta au iko njiani, na kwa kawaida huwekwa pia kwenye tovuti ya kampuni. Watu huisoma ya mnunuzi tu kwa sababu ndiyo yenye fomu ya pesa, na hii ya pili hufungiwa maandazi, na mimi nasema kama una nguvu ya kusoma moja tu basi soma hii ya mshauri, kurasa zile ambazo ametaja kiwango anachoona kampuni yafaa na amekifikia vipi. 31 ikiwa ndani ya kiwango chake ni jambo moja, ikiwa chini ni jambo jingine.

Hiyo 31 aliyeipanga ni mnunuzi mwenyewe. Yaweza kupanda, ndiyo, yeye aweza kuiongeza au akaja mwingine na ofa yake. Huna haja ya kwenda mbali, ukipanda gari Malindi kwenda Mombasa ukishaipita Kilifi utayaona mashamba ya mkonge ya Vipingo. Kampuni yake, Rea Vipingo, ilikuwa sokoni, na mwisho wa 2013 REA Trading wakatangaza kuinunua kwa shilingi 40 kila hisa. Centum wakaingia nao wakaweka bei ya juu yao, wakavutana mpaka ikaishia 85. Na hapa ndipo kanuni ina haki, mnunuzi akiongeza bei basi hata yule aliyekubali mapema kwa bei ndogo hulipwa ile kubwa. Kwa hiyo ndugu yako mdogo hakukosea kabisa kusema bei yaweza kupanda.

Lakini mwambie na hii ya kampuni ya saruji ya Bamburi, nayo ni ya Pwani. 2024 Amsons wa Tanzania walitoa 65, Savannah Clinker wakaja na 70, watu wakafurahi, mwisho Savannah wakajitoa na Amsons ndio waliomaliza, kwa ile ile 65, wakapita asilimia 96. Ofa ya pili siyo pesa mpaka ikamilike. Na mwambie pia habari ya kampuni ya Unga mwaka 2018, Seaboard walitoa 40 wakitaka kuitoa kampuni sokoni, wenye hisa wa kutosha hawakukubali, kampuni ikabaki sokoni, na miaka iliyofuata hisa ikaja ikauzwa chini sana ya hiyo 40. Kwa hiyo aliyekataa alikuwa na haki yake ya kukataa, ila hakuahidiwa kitu.

Ushauri wangu hapo kwenye kuuza au kutouza, kwa sababu najua utaniuliza, ni kwamba mtu ambaye hisa hizi ni fungu lake dogo la mirathi, hafuatilii kampuni, hapokei hata mgao wake, yaani ile faida ambayo kampuni huwagawia wenye hisa, na kijitabu chasema mnunuzi anakusudia kuitoa kampuni sokoni, huyo auze kwa bei ya ofa kama mshauri huru hajasema bei ni ya dhuluma. Kubaki na hisa 2,400 kwenye kampuni ambayo haiko sokoni tena ni taabu, huna pa kuziuza, huna bei ya kuangalia kila siku, na mwenye kampuni ni mmoja. Angalia pia kama ofa ni ya hisa zote kweli, maana nyingine ni za sehemu tu. Diageo mwaka 2023 walitaka kuongeza hisa zao za East African Breweries kutoka kama asilimia 50 mpaka 65 tu, kwa shilingi 192, na wakaruhusiwa wasinunue zote. Kwenye ofa kama hiyo wakileta watu hisa nyingi kuliko zinazotakiwa kila mtu hupunguziwa. Na nyingine hazilipi pesa kabisa, KCB walipoichukua National Bank mwaka 2019 walitoa hisa moja yao kwa kila hisa kumi. Yenu umesema ni shilingi, sawa, lakini soma.

Sasa umeuliza mkinyamaza itakuwaje. Ofa hukaa wazi siku 30. Hakuna wa kuwalazimisha kutia sahihi ndani ya siku hizo, na zikipita hisa hazipotei, hilo mama alale usingizi. Kinachofuata chategemea mnunuzi kapata kiasi gani. Akifikisha asilimia 90 sheria yampa nguvu ya kuwachukulia waliobaki hata kama hawataki, lakini hawezi kuwalipa chini ya bei ya ofa, na bei ya sokoni ikiwa juu zaidi basi ni hiyo ya sokoni. Asipofika hapo mwabaki na hisa zenu, ila huenda zikawa hisa za kampuni iliyotolewa sokoni kama nilivyosema. Kwa hiyo huyo anayewaambia ni leo au basi awatia hofu ya bure.

Lakini mwanangu, nyote mwagombana kuuza au kutouza, na kwa sasa hakuna hata mmoja wenu mwenye uwezo wa kufanya lolote kati ya hayo mawili. Hisa ziko kwa jina la baba. Fomu ile haiwezi kutiwa sahihi na wewe wala kaka wala mama mpaka mmoja wenu awe na hati ya usimamizi wa mirathi. Hilo ndilo lililotakiwa kufanywa mwaka juzi, na siku zenu ni chache, kwa hiyo acheni mabishano mfanye haya.

Kesho asubuhi mwende mahakama ya Kadhi hapo Lamu na cheti cha kifo, kitambulisho cha baba, vitambulisho vyenu na barua ya chifu yenye orodha ya warithi wote, wote, pamoja na yeyote ambaye hamsemezani naye. Mkienda mahakama za kawaida kuna tangazo la siku 30 kwenye Gazeti Rasmi la Serikali, hizo pekee zishawamaliza. Muulizeni Kadhi au wakili juu ya hati ya muda ya kulinda mali ya marehemu ambayo hutolewa kukiwa na dharura, mwonyesheni kijitabu chenye tarehe ya mwisho ili aone dharura ni ya kweli. Hiyo si ya kugawana, ni ya kulinda tu.

Siku hiyo hiyo piga simu kwa msajili wa hisa, yule anayeshika daftari la wenye hisa wa kampuni, jina lake na namba viko ndani ya kijitabu kurasa za mwanzo au za nyuma, usitumie namba uliyopewa na mtu. Mwambie mwenye hisa kafariki, wataka kujua wanahitaji nini ili warithi wakubali ofa, na ikiwa hati haitatoka kabla ya siku ya mwisho wafanyeje, kisha omba jibu kwa barua pepe lisiwe la mdomo. Swali la Mohd na Mohamed lisemee hapo hapo usilifiche, kwa kawaida husuluhishwa kwa hati ya kiapo mbele ya wakili kwamba ni mtu mmoja, ila kila msajili ana matakwa yake. Hisa za karatasi siku hizi huingizwa kwanza kwenye akaunti ya CDS, yaani akaunti ya kielektroniki ya kuwekea hisa, kupitia dalali au benki iliyo wakala, kwa hiyo uliza na hilo. Huku kwetu madalali ni wa Mombasa au Nairobi, yaani nauli mjiandae nayo, na cheti asili kisitoke mkononi mwenu bila kupewa risiti yenye muhuri. Kabla hakijatoka kipigeni picha mbele na nyuma, na mama mtengenezeeni nakala nzuri ya rangi aiweke kashani kwake, maana karatasi asili siku ya siku itabidi irudishwe.

Na zile halua zilizokatika. Kampuni haiachi kukutumia mgao hivi hivi, mara nyingi anwani ilibadilika au hundi hazikupelekwa benki. Mgao ukikaa miaka mitatu bila kudaiwa hupelekwa kwa Mamlaka ya Mali za Kifedha Zisizodaiwa, UFAA, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2011, na warithi huudai wakiwa na hati ile ile ya mirathi. Kudai ni bure, kwa hiyo akitokea mwingine akataka asilimia 20 ili awafuatilie mwambieni ahsante. Tafuteni jina la baba kwenye tovuti yao kwa maandishi yote mawili, Mohd na Mohamed.

Kaka usimwendee na maneno makali. Mpe kazi, yeye ndiye mkubwa, yeye awe wa kwenda Mombasa kwa dalali mkishapata hati, na hesabu ya 21,600 mpe aiweke mfukoni. Msajili akishakujibu niandikie hapa hapa, hasa wakikuambia kitu juu ya lile jina.